Orodha Tupu ya Shangazi

Jumanne, Mikumi

Mjinga mimi, nimefuta yote. Nilitaka kuondoa kitu kimoja tu, tangazo la kazi ya Dodoma nililopakua kwenye kompyuta ya steshenari ya shangazi, ili asilione. Kwa haraka nikafuta historia nzima ya vilivyopakuliwa.

Mchana akaja mteja wa Kisanga kuchapisha nyimbo zake za kwaya. Shangazi akafungua ile orodha ya vilivyopakuliwa kutafuta faili la mteja, kama nilivyomfundisha. Tupu.

"Unanificha nini, Neema?"

Nikasingizia mashine.

Tangazo lenyewe bado liko kwenye folda, na kesho anamleta fundi. Naogopa. Dukani hana mwingine ila mimi.

Jioni nilipofika nyumbani nilimwamkia, "Shikamoo, shangazi." Akaendelea kuchambua mchele.

Hajawahi kuninyima marahaba.