Dubu Anayepokea kwa Adabu

Schaerbeek, Brussels
14 Machi 1993

Mpendwa Yaya Hilaire, mkubwa wangu,

Habari za Bukavu? Mgongo wako unaendeleaje, na maman Émérance ameshapona malaria? Mimi huku mzima, ila magoti yananung'unika nikipanda ngazi, na baridi bado haijatuaga.

Ninakuandikia nikiwa na hasira, usiushangae mwandiko. Unamkumbuka yule dubu mwoka mikate, wa katuni nilizokuwa nachora tangu nilipoanza kazi huku? Anavyotembea, anavyojikuna tumbo, vyote nilivichora mimi, karatasi baada ya karatasi. Mwisho wa filamu majina yanapita, langu halijapita hata siku moja.

Sasa studio inazitoa katuni hizo kwenye kaseti za video, na juzi walitualika kwenye sherehe. Nilikwenda na jirani yangu Rolande, mtu wa Uvira. Sikufichi, Yaya, nilitumaini safari hii watanitaja. Mkurugenzi akapanda jukwaani akasema dubu alipewa uhai na marehemu mkubwa wetu, mtu ambaye kalamu aliishika kwa kutia sahihi tu. Kisha akaniita nipokee maua pamoja na wasaidizi.

Sikwenda. Nilisimama palepale nikaomba warudishe nyuma filamu waliyotuonyesha, hadi pale dubu anapopewa mkate, wakarudisha. Unakumbuka mama alivyotuchapa vidole tukipokea kitu ovyo kwa mkono mmoja? Basi dubu naye ananyoosha mkono wa kulia, na wa kushoto umeshika kiwiko. Siku zile marehemu aliniuliza kama dubu anaumwa mkono, akataka nifute. Muda ulitubana, ikabaki hivyo. Nikawauliza ni nani kati yao aliyemfundisha dubu adabu ile. Rolande akashindwa kuvumilia, akasema kwa Kiswahili, kisha akarudia kwa Kifaransa wapate kuelewa:

"Bon, huyu dubu ni mutoto wa kwetu. Mama yake ni huyu hapa."

Mkurugenzi akajibu kwamba majina yameshachapwa, na kwamba nikiendelea na maneno haya hataniita kazini tena. Asiniite. Maua yao niliyaacha juu ya kiti. Wahenga walisema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, na mimi wala si mnyonge.

Nimenunua kaseti moja. Kwenye jalada nimeandika jina langu kwa kalamu nene, juu ya lile la marehemu, Mungu amlaze pema. Sylvestre anakuja huko Pasaka, ataileta. Itazameni kwa jirani mwenye video, uwaite watoto wote wa mtaa, na uwaambie bila haya ni nani aliyechora.

Nisalimie Ushindi na mama mkwe wake, na Mwenze akumbushwe kuniandikia. Mungu aufunike mji wenu kwa amani.

Sylvestre akikukabidhi kaseti, Yaya, ipokee kama dubu.

Mdogo wako akupendaye,
Euphrasie