Ujumbe Ulioingia Kwenye Simu ya Marehemu

Mji wa Kale, Mombasa
Jumapili, mwezi wa Septemba
Leo ni mwaka mmoja na miezi miwili tangu nilipopanda basi Bungoma

Mama Nekesa, mke wangu,

Kabla ya yote nakujulia hali. Umeamkaje hapo kwenu, na Mama ameamkaje? Kifua cha Nekesa kimepona au bado anakohoa alfajiri? Na Simiyu, ameanza kusema maneno ya kueleweka? Mimi ni mzima. Mgongo umerudi mahali pake, isipokuwa asubuhi nikiinama kuvaa viatu ndio unanikumbusha. Hii ni wiki ya tatu tangu nirudi kazini. Tunashusha marobota ya vitambaa pale Biashara Street kama zamani, jua ni lile lile na tajiri wetu ni yule yule.

Najua umeshangaa kuona karatasi. Nimekupigia simu mara nyingi hupokei. Siku moja alipokea kaka yako Wafula akaniambia, "Shemeji, dada yangu hana la kuzungumza na mtu anayecheza watu wakiwa matangani," akakata. Tangu siku hiyo simu haiingii kabisa. Kwa Mama siwezi kupiga. Unajua adabu yetu, mkwe hata mkono hampi mama mkwe wake, seuze kumpigia simu kujitetea. Kwa hivyo nimeandika. Dada yangu Nanjala ataichukua barua hii kwenye ofisi ya basi akuletee mkononi. Shule niliishia darasa la sita, basi nivumilie nikirudia maneno. Nitaeleza mambo yalivyokuwa, hata yale yanayonikalia vibaya.

Siku Mzee wenu alipofariki, mimi nilikuwa na siku nne kwenye godoro. Robota lilikuwa limeteleza kutoka juu ya lori likanipiga kiunoni. Nilikwambia hayo kwa simu ukanipa pole. Nilikwambia pia siwezi kukaa kwenye basi usiku na mchana mpaka Bungoma, na ni kweli, hata kwenda chooni nilikuwa nashikwa mkono. Wafula anasema nilijisingizia ugonjwa ili nipate nafasi ya kucheza michezo ya simu. Ugonjwa haukuwa wa uongo. Lakini kucheza nilicheza. Hilo sitakuficha.

Yaliyotokea huko nimeyapata kwa Nanjala. Anasema ilikuwa siku iliyofuata mazishi, kabla ya kunyoa nywele za matanga. Mlikuwa mmekaa uani pamoja na wazee, redio zimefungwa, hata watoto wamekatazwa kukimbia. Simu ya Mzee ilikuwa mapajani mwa Mama kwa sababu watu wa mbali walikuwa bado wanapiga kutoa pole. Ikalia. Mama akampa Wafula asome, akidhani ni rambirambi. Wafula akasoma kwa sauti mbele ya watu wote: "Amka, rafiki! Shamba lako linakauka. Njoo tucheze." Na chini yake jina langu na picha yangu, ile niliyopigwa nje ya Fort Jesus nimevaa miwani ya kuazima, nimecheka meno yote nje.

Nanjala anasema Mama hakulia. Aliichukua simu akaizima akaiweka chini ya mkeka. Hilo ndilo linaloniuma kuliko maneno ya Wafula.

Sasa sikiliza jambo ambalo hukulijua. Mimi na baba yako tulikuwa tunacheza pamoja.

Unakumbuka Wafula alimfungulia Mzee akaunti kwenye mtandao ili aone picha za wajukuu walio Nairobi. Mimi pia nina akaunti huko, na nilikuwa nimeiunganisha na mchezo mmoja wa kulima shamba kwenye simu. Unapanda mahindi, unapanda maharage, na rafiki akipita anaweza kukumwagilia maji. Siku moja nikaona kwenye orodha ya wakulima jina la Mzee. Niliona aibu nikataka kuacha. Kesho yake nikakuta shamba langu limemwagiliwa maji, na ameniandikia: "Mkwe, umebananisha mahindi. Nani alikufundisha kulima?"

Nikamjibu kwa adabu, "Baba, huku hakuna haja ya nafasi, yanaiva kwa siku mbili."

Akaandika, "Ndiyo maana unalima kama mtu wa mjini."

Unajua mimi na Mzee nyumbani. Nikija kwenu yeye kiti chake kule, mimi changu huku, tunaulizana habari ya mvua, basi. Miaka tisa ya ndoa hatukuwahi kuchekeana. Lakini kwenye ule mchezo alinicheka kila siku. Alikuwa akiamka kabla ya kukama ananimwagilia maji, na mimi nikitoka kazini namwagilia la kwake. Aliniambia nisimwambie mtu. Alisema, "Mama yenu akijua nalima kwenye simu atanitoa nikalime lile la kweli."

Basi siku ya mazishi, saa ambayo nilijua mko kaburini, nilifungua mchezo. Sikufungua kwa furaha. Nilikuwa peke yangu chumbani, wenzangu wameenda kazini, nikataka kuona shamba lake. Mahindi yalikuwa yamekauka yote. Nikamwagilia. Kesho yake nikafungua tena, na ukurasa ukaruka mbele ya macho yangu: rafiki zako hawa hawajacheza siku nyingi, waamshe. Majina mengi, na chini kitufe kikubwa cha kijani. Nilitaka ukurasa uondoke nione shamba, nikabonyeza kile cha kijani. Sikusoma. Ndivyo ujumbe ulivyotoka kwangu ukamfikia Mama.

Nanjala aliponieleza, nilikaa na aibu siku nzima. Nikaona kama mchezo umeweza kusema kwa jina langu na picha yangu siku kama ile, utaweza tena. Labda kwa mchungaji, labda kwa tajiri, labda kwa Mama mara ya pili. Nilipoweza kutembea nikaenda Makadara kwa mama mmoja fundi wa simu anayeitwa Bi Rukia. Ana meza yake ndogo mlangoni mwa duka la viatu, na hana simile na mtu.

Akaniuliza, "Imevunjika kioo?"

"Hapana Bi Rukia. Imenifitini."

"Imekufitini na nani?"

"Na wakwe."

Akavua miwani akanitazama. "Ala! Hapo pabaya. Keti."

Nikamweleza yote. Akaifungua akaunti yangu, akaingia mahali pa mipangilio, akateremka mpaka palipoandikwa programu na tovuti. Akanigeuzia simu nione. Mama Nekesa, nilikuwa nimeunganisha michezo kumi na mmoja. Kulikuwa na ule wa shamba, na wa drafti, na mmoja unaokwambia wewe ni mnyama gani, na mwingine unaokwambia utafanana vipi ukizeeka. Mingine siikumbuki hata kuiona.

"Hawa wote wawajua?" akaniuliza.

"Siwajui."

"Wao wakujua. Tazama." Akabonyeza ule wa shamba. Ulikuwa umepewa jina langu, picha, siku ya kuzaliwa, orodha ya rafiki zangu wote, na ruhusa ya kuandika kwa niaba yangu. "Nani kawapa ruhusa hii?"

"Mimi. Kulikuwa na kitufe."

"Cha kijani tena?"

"Cha buluu."

"Mwanangu, wewe hata sumu ikitiwa rangi nzuri utainywa." Watu wawili waliokuwa wanangoja simu zao wakacheka. "Wajua kusoma?"

"Darasa la sita."

"Basi wajua. Ni uvivu tu. Mchezo wabisha hodi mara moja. Ukishaujibu karibu, haubishi tena, waingia utakapo."

Akanifundisha niiondoe kwa mkono wangu mwenyewe, alikataa kuniondolea. Unagusa mchezo, unagusa ondoa, halafu kabla ya kukubali kuna kisanduku kidogo kinauliza kama unataka yale uliyoyaandika kwa jina lako yafutwe pia. Unakitia alama. Nikaondoa wa mnyama, nikaondoa wa drafti, nikaenda hivyo hivyo mpaka ukabaki ule wa shamba. Hapo nikasita.

Nikamuuliza, "Nikiuondoa huu, na shamba lenyewe litapotea?"

"Lako litapotea. Na maneno mliyoandikiana humo yatapotea. Wataka nini na mahindi ya simu?"

"Maneno ni ya baba mkwe wangu."

Akasema, "Maneno yake wayakumbuka?"

"Nayakumbuka."

"Na mkeo na mama yake, wataka wapate ujumbe mwingine wa kumwamsha marehemu?"

"Hapana."

"Basi mbona wanitazama mimi? Kidole ni chako."

Nikaondoa. Nikatia alama kile kisanduku. Likawa limekwisha.

Bi Rukia hakunidanganya kwamba mambo yamesafishika kabisa. Alisema yale ambayo wenye michezo walishayachukua bado wanayo, kukata uzi ni kuzuia wasiendelee kuchota. Mwenye kutaka yafutwe huko kwao awaandikie awaombe, na tuliwaandikia palepale wale wa shamba, ingawa hawajajibu. Pia alinibadilishia nywila, na akanionyesha kwenye simu yenyewe mahali pa kuzuia michezo isisome majina ya watu niliowahifadhi. Tena akasema siku nyingine nikitaka mchezo na wenyewe uniambie niingie kwa akaunti ya mtandao, nikatae, nicheze bila kuunganisha au niache.

Hilo nataka na wewe ulifanye. Simu yako Nekesa anaichezea kila akitoka shule, na najua wewe ulimfungulia kwa akaunti yako ili asilie. Fungua mipangilio, tafuta programu na tovuti, utayaona majina. Usiogope, haichukui muda wa kupika chai. Usipoelewa mwambie mwalimu wake akusaidie. Na ile simu ya Mzee, kama Mama ataruhusu, akaunti yake nayo itolewe kwenye ule mchezo, kwa sababu upande wangu nimekata lakini upande wake bado uko wazi, na kuna wengine waliokuwa wakilima naye nisiowajua.

Sasa neno la mwisho kuhusu jambo hili. Wafula anataka ubaki hapo kwenu mpaka nijieleze. Ana haki. Mtu akisoma maneno kama yale mbele ya kaburi bichi, atafikiri nini kingine? Nimejieleza kwako kwanza kwa sababu wewe ndiye mke wangu. Kama utaona ni vyema Mama ajue kwamba Mzee alikuwa akilima kwenye simu na kunicheka, mwambie. Kama utaona siri ya Mzee ibaki siri yake, basi ibaki. Mwambie tu ni mimi nilibonyeza bila kusoma, na lawama niachie mimi. Sitaki umwambie ni simu ndiyo iliyofanya. Simu haina mkwe.

Nisalimie Nekesa, mwambie baba yake anataka kuona daftari la hesabu, sio la picha peke yake. Msalimie Simiyu kwa kumbusu. Msalimie mchungaji aliyemzika Mzee, na wale wazee waliokuwa uani siku ile, kama watakubali salamu zangu. Nanjala mpe asante yangu, amekuwa akisimama katikati yetu bila kuchoka. Na Wafula msalimie. Ni shemeji yangu, na salamu haifuti ugomvi lakini haiuongezi.

Tajiri amekubali kuniachilia Desemba, na natarajia kushuka kwenye basi Jumamosi ya kwanza ya mwezi huo. Sitapitia kwetu. Nitakuja moja kwa moja hapo kwenu, nisimame langoni mpaka nitakapoitwa. Nisipoitwa siku hiyo nitalala kwa Nanjala, na Jumapili asubuhi mtanikuta nimesimama pale pale.

Ni mimi mumeo,
Baba Nekesa