Kaka, Ulimtafsiria Mama Sawasawa

Mpendwa Kaka Nassor,

Barua mbili nilizokutumia zimerudi, zimeandikwa kwamba hukai tena pale. Ndiyo maana hii naiandika hadharani, labda atatokea mtu wa kukufikishia. Usinikasirikie. Au nikasirikie, lakini soma mpaka mwisho.

Unazikumbuka Jumamosi zetu kwenye flati ya Stratford, kule Uingereza, miaka ile ya tisini? Wewe ndiye uliyekuwa mdomo wa mama. Barua za kaunsili, wale wakubwa wa mtaa, ulimsomea wewe, daktari ulimjibia wewe, na kanda za video za maktaba ulimtafsiria wewe, mstari kwa mstari, maana yale maandishi ya Kiingereza chini ya picha yeye hakuweza kuyasoma. Alizitaka za Kijerumani kwa ajili ya mwigizaji mmoja tu, yule mrefu mwenye pua iliyopinda. "Huyu Mjerumani wangu ana adabu," akisema, "hata akitaka kupigana anavua kofia kwanza." Lo, tulivyokuwa tukicheka! Tulimwona askari, tukamwona mwalimu, tukamwona kasisi. Picha zake ulizikata magazetini ukazibandika kwenye daftari, nami nikadhani unamwekea mama.

Kumbe ulikwisha kusoma kwamba yule mwigizaji amesema waziwazi anaishi na mwanamume mwenziwe, na wakubwa wa filamu wakaacha kumpa kazi. Ulinieleza jikoni, kwa sauti ya chini, ukiosha vikombe vilivyokwisha kuwa safi. Nikakuuliza, "Sasa wewe yanakuhusu nini?" Ukachukua kikombe kingine ukakiosha. Nami, mjinga mimi, sikuuliza tena.

Halafu ukaleta kanda ya filamu aliyorudi nayo yule Mjerumani baada ya kukosa kazi. Safari hii alikuwa fundi saa, mtu mzima wa kawaida, anakaa na mpenzi wake mwanamume, hachekwi wala hauawi. Ulitafsiri vizuri mpaka fundi alipomshika mwenziwe uso. Ukabonyeza kitufe, picha ikasimama.

"Ehe? Kasemaje?" mama akauliza.

Ukamjibu: "Anasema anampenda, mama. Kama mtu na mkewe."

Mama akanigeukia mimi, mtoto wa skuli ninayejua kusoma. "Ndivyo, Salma?"

Niliyasoma maneno yale, Kaka. Yalikuwa bado yapo pale kwenye kioo. Nikasema, "La, mama, kakosea. Ni ndugu yake, walipotezana."

Mama akashusha pumzi. Wewe ukanitazama mara moja tu, kisha ukaendelea na uongo wangu mpaka filamu ikaisha. Kila walipokumbatiana ukatafsiri, "Ndugu yangu, ndugu yangu." Wiki ile ile ukafunga begi ukaondoka, na mama akabaki ananiuliza mimi kakukosea nini.

Miaka yote hii nimejidai nilikuwa nakusitiri. Si kweli. Niliogopa nyumba yetu isisemwe, nikakutoa kafara wewe. Nisamehe, Kaka. Inaniuma mpaka leo.

Mwezi uliopita televisheni ilimwonyesha yule Mjerumani, mvi tupu, anapewa tuzo. Kaingia ukumbini kashikana mkono na mwanamume. Mama akauliza, "Na huyo ni nani?" Nikashindwa kumdanganya mara ya pili. Nikamwambia ndiye mwenziwe, na kwamba siku ile wewe hukukosea, ulikuwa unampa habari yako mwenyewe.

Siku mbili alikula chumbani kwake peke yake. Siku ya tatu nikamkuta analia. "Mwanangu kaniambia kwa mdomo wake," akasema, "na mimi sikumjibu?"

Sitakupambia maneno: hakusema amefurahi. Anasali sana, na wakati mwingine anakasirika, sijui ananikasirikia mimi au nani. Lakini jana alikuwa anapika, akanyanyua mwiko akanitazama.

"Kama Nassor ana mtu wake," akasema, "mtu huyo anakula pilipili?"

"Sijui, mama."

"Basi muulize."

Nakuuliza, Kaka.

Mdogo wako anayekungoja,
Salma