Mtoto wa Elinino

Jumapili, 8 Desemba

Nimechuja mafuta tangu asubuhi. Alizeti ya mwaka huu inatoa vizuri. Chupa nimezipanga mezani pale barabarani, zinang'aa hata mwenye gari anapunguza mwendo. Saa kumi nikaacha kila kitu nikawasha redio. Rajabu alikuwa anacheza.

Kafunga! Mtangazaji akalirudia jina lake kama anayelipenda, Rajabu, Rajabu, Rajabu. Mimi nimesimama katikati ya mtaa wa Mandewa, mfuniko wa chupa mkononi. Mteja akauliza lita moja bei gani, nikamjibu, "Huyo ni mwanangu." Akacheka. Alinunua hata hivyo.

Ni ligi ya chini, najua. Wakisafiri wanalala kwenye madarasa ya shule. Lakini bao ni bao. Kwenye ligi ile hakuna mshambuliaji wa kumfikia mwanangu, na sisemi kwa sababu nimemzaa. Nasema kwa sababu nina masikio.

Jumatano, 18 Desemba

Rajabu kapiga simu. Timu ya ligi kuu inamtaka. Ligi kuu! Mwaka mpya ukiingia anakwenda, anapimwa afya, anasaini. Kaniambia, "Mama, usimwambie mtu kwanza." Nikasema sawa mwanangu.

Nimemwambia Mama Neema tu. Na mwenye mashine ya kukamua. Na akina mama wa kikoba. Mama Neema tumepakana ukuta kwa ukuta, angejua tu. Akasema, "Mama Rajabu, sasa utatusalimia kweli?" Nikamwambia aanze kunizoea nikiwa na miwani ya jua. Tulicheka mpaka kuku wakakimbia.

Zaina hakucheka. Zaina ni mdogo wake Rajabu, ndiye niliyebaki naye hapa nyumbani. Anasema mambo ya mpira hayatangazwi kabla mtu hajasaini. Roho nzito kama marehemu baba yake.

Jumamosi, 28 Desemba

Kijana wa redio kaja kwangu. Kwangu! Ana kipindi cha michezo, anahoji wazazi wa wachezaji. Shikamoo mama, marahaba mwanangu, akaweka simu yake mezani katikati ya madumu, ikaanza kurekodi. Nilivaa dera la njano. Halionekani redioni lakini nilivaa.

Akauliza Rajabu alianza lini mpira. Nikasema kabla hajazaliwa. Nikamweleza yote. Ile mvua ya Elinino, barabara imekatika, mto umefurika, mkunga amekwama ng'ambo, mimi niko kijijini kwa mama mkwe na uchungu umenishika. Rajabu akatanguliza miguu. Watu walishaanza kunililia. Hatukufa, mimi wala yeye. "Yule alikuja duniani akipiga teke," nikamwambia. Yule kijana alicheka mpaka akafuta macho. "Kwa hiyo mama, Rajabu ni mtoto wa Elinino!" Nikasema ndiyo, Elinino mwenyewe, na mtangaze hivyo hivyo.

Nilizungumza vizuri. Shule yangu ni darasa la saba lakini mdomo ninao.

Jumatatu, 30 Desemba

Kipindi kimetoka. Mtaa mzima umenisikia. Vijana wa bodaboda wananiita Mama Elinino, wanapiga honi wakipita. Mafuta yameisha mezani kabla ya adhuhuri.

Nampigia Rajabu, simu inaita, hapokei. Yuko mazoezini.

Alhamisi, 2 Januari

Zaina alirudi kutoka saluni mapema. Akaniambia nikae. Nilidhani ana mimba.

Akasema, "Mama, kwenye karatasi za mpira Rajabu ana miaka ishirini na moja."

Nikamwambia aache upuuzi. Yeye Zaina ana ishirini na nne, na Rajabu nilishamwachisha ziwa zamani yeye hajaingia tumboni. Akasema ndiyo hivyo, kwenye karatasi yeye Zaina ndiye dada mkubwa. Kumbe wachezaji wana umri wa nyumbani na umri wa mpira. Aliyemsajili mara ya kwanza alimwambia ukisema umri wako wa kweli hakuna atakayekutazama, basi wakapunguza. Na timu ya ligi kuu ilimtaka kwa sababu ni kijana bado, watamlea, watamuuza mbele.

Sasa sauti yangu inazunguka kwenye makundi ya mashabiki. Nacheka ndani yake. Nani asiyekumbuka Elinino ilikuwa mwaka wa tisini na saba? Kila mtu anahesabu. Hata ile timu imehesabu.

Nikamuuliza Zaina, mbona mimi hamkuniambia. Akasema, "Tulikuficha kwa sababu ya mdomo wako, mama."

Nikainuka nikaenda kuwapa kuku maji. Walikuwa nayo.

Ijumaa, 3 Januari

Hawamtaki tena. Hata safari haipo.

Sijapanga chupa leo.

Jumanne, 7 Januari

Rajabu kapiga. Nilijiandaa anigombeze. Nilitaka anigombeze. Akasema, "Sina hasira na wewe, mama. Ulisema kweli."

Nikamwambia nitakwenda redioni niseme nilikosea, nilimchanganya na mtoto mwingine, niliyezaa siku za mvua ni mwingine. Akanikatisha. Hajawahi kunikatisha tangu azaliwe. "Mama, usiseme tena. Usiseme kitu chochote." Halafu kwa sauti ya kawaida kabisa akauliza mafuta yanauzikaje.

Naandika hapa kwa sababu hapa hakuna wa kunijibu. Uongo si wangu. Mimi nilieleza nilivyomzaa, na mama gani anakatazwa hilo? Nilikaribia kufa siku ile. Ni langu lile. Lakini nikimaliza kusema hivyo moyoni, namwona Rajabu ameshika begi, hana pa kwenda nalo.

Jumapili, 19 Januari

Timu yake nayo imemsimamisha. Wanaogopa kunyang'anywa pointi. Yale mabao niliyokuwa nayapigia vigelegele barabarani, leo ni mzigo kwao.

Zaina ana video ya mechi yake ya mwisho. Nikamlazimisha anionyeshe. Mashabiki wa upande wa pili wanamwimbia, "Babu! Babu! Elinino!" Mmoja kaja na fimbo ya kutembelea, anamnyooshea pale pembeni ya uwanja. "Shika mzee, utaanguka!" Watu wanakufa kwa kucheka. Rajabu anatazama chini, anasubiri mpira urushwe.

Hilo jina nimelitoa mimi. Kwa kinywa changu, na dera la njano.

Ijumaa, 21 Februari

Hakurudi nyumbani. Kaenda Kilimatinde kwa shangazi yake, anafyatua matofali. Shangazi mtu anasema anakula, analala, hasemi. Amevimba mikono. Miguu ile, halafu anatumia mikono.

Mama Neema kaja na uji. "Mama Rajabu, dunia ina mambo, pole." Kisha akakaa vizuri kwenye kigoda, kwa mkao ule wa kungoja habari. Sikumpa. Tulikunywa uji kama watu wa msibani.

Redio nimempa Zaina akaiweke chumbani kwake.

Jumatatu, 31 Machi

Idi. Nimechinja jogoo mkubwa. Nikapakua sahani ya Rajabu kwa mazoea, Zaina akaiona, akaifunika.

Amepiga. "Idi njema, mama." Na wewe mwanangu. Basi.

Leo nina hasira naye. Angeniambia! Angenikalisha chini aseme mama, hili ni siri, ukisema nimekwisha. Ningeshika. Naamini ningeshika. Au siamini. Ndiyo maana nina hasira.

Jumamosi, 14 Juni

Nilimuaga Zaina nikasema napeleka mafuta Issuna. Dumu nilibeba kweli. Lakini shangazi alishanidokeza Rajabu anacheza ndondo kule, mpira wa mitaani, kombe la mbuzi. Anachezea vijana wa Kilimatinde.

Uwanja vumbi tupu, magoli ya miti. Nikajitanda khanga hadi usoni, nikakaa nyuma na mama mmoja muuza karanga. Nikamwona. Amekonda, amekuwa mweusi kwa jua. Jezi ya kuazima, inampwaya. Lakini mpira ulipoanza, ni yeye. Lile bega lake la kushoto likishuka kidogo, beki anakwenda huku, yeye anapita kule.

Kuna mtu na kipaza sauti, anapiga kelele, "Elinino anao! Elinino huyooo!" Nikashtuka kama nimemwagiwa maji. Nikatazama watu. Wanashangilia. Huku ni jina la sifa. Hakuna anayehesabu miaka, wanataka mbuzi.

Akafunga. Nikauma khanga.

Mama wa karanga akanigonga bega. "Mwenzangu, umeona lile? Huyo ni mtoto wa nani?"

Nilikuwa nimeshafungua kinywa. Nikaona yote yanaanza upya. Nitasema wangu, atauliza, nitaeleza, nitanogewa, kesho yamefika Manyoni, keshokutwa yako redioni. Nikasema, "Simjui."

"Mama yake alikula nini huyu!" akasema.

Wakashinda. Watu waliingia uwanjani. Nikawa najiandaa kuondoka asinione, dumu langu zito, nikachelewa. Akaja moja kwa moja kununua karanga. Anahesabu sarafu, akainua macho.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

Muuza karanga akageuka mzima mzima. "Wee! Si umesema humjui?"

Rajabu akanitazama. Mimi. Halafu akatazama daluga zake, zimechanika mbele. Akatabasamu kidogo, tabasamu la kumstahi mtu mzima. "Si kitu, mama," akasema. "Hata mimi ningesema hivyo."

Alidhani namwonea aibu.

Kinywa changu kikafunguka. Mimi, ninayeongea na mteja mpaka anasahau chenji. Mimi niliyempa redio Elinino yote tangu mvua ya kwanza. Halikutoka hata neno. Muuza karanga anatazama huku na huku. Wenzake wakaita, "Elinino, gari!" Akaniwekea karanga zake mkononi, akakunja vidole vyangu juu yake, akaenda. Akapanda nyuma ya kirikuu pamoja na wenzake na yule mbuzi. Hakugeuka. Au aligeuka, vumbi likaniziba.

Sikuuza mafuta. Nimerudi na dumu limejaa.

Jumapili, 15 Juni

Nimempigia asubuhi, imeita mpaka ikakata. Mchana hivyo hivyo. Nimemwandikia ujumbe, nimefuta. Nimeandika mwingine mfupi: Nakujua mwanangu. Huo nimeutuma. Hajajibu bado, Jumapili wanachoma tanuri la matofali.

Mama Neema kauliza Issuna kulikuwaje. Nikasema vumbi. Akauliza tena, vumbi tu? Vumbi tu.

Alifunga mawili. La kwanza kwa mguu wa kushoto, mpira haujagusa chini. La pili kwa kichwa, mabeki wawili wamemng'ang'ania, na bado aliruka.

Sijamwambia mtu.