Bibi Ananiita Mume Wake Mbele ya Kamera

Shangazi Leetia mpendwa,

Kila wiki nakusikiliza redioni ukiwasema wenzangu, leo nisaidie na mimi maana nimekwama. Natengeneza filamu ya jinsi watu wetu walivyotolewa na polisi kwenye kambi za barafuni wakaletwa hapa kijijini, na anayekumbuka vizuri ni bibi yangu Arnatsiaq, sasa unajua mimi nilizaliwa babu akiwa ndiyo kwanza amefariki nikapewa jina lake, Siakuluk, na kwetu anayerithi jina ndiye marehemu mwenyewe, kwa hiyo ingawa mimi ni mwanamke, bibi ananiita mume wangu tangu nabebwa kwenye kofia ya koti la mama, na sikuona shida mpaka nilipowasha kamera. Namuuliza, "Bibi, siku mliyohama ilikuwaje?" Anakunja uso. "Unaniuliza mimi? Si ulikuwepo? Si wewe uliyesema tufungashe?" Nikirudia ananigeukia: "Na taa yangu ya jiwe, uliyosema tuiache tutaifuata theluji ikiyeyuka, iko wapi? Mwanamume mzima unajificha nyuma ya kidude hicho." Mama zangu wadogo hawana mbavu, kipaza sauti kimenasa vicheko vitupu. Mhariri wangu Gauthier, wa Montreal huko kusini, anasema watazamaji hawataelewa, bibi asiposimulia kama shahidi ataweka profesa atueleze historia yetu. Mimi profesa simtaki. Nimempelekea bibi hadi ini la sili, kala, kashukuru, kisha: "Na taa?" Nifanyeje?

Siakuluk

Siakuluk mwanangu,

Nimecheka, halafu nikakasirika, kwa hiyo nivumilie. Wewe ni mtoto wa hapa au mtalii? Unamhoji mwanamke habari za safari mliyosafiri pamoja, kisha unashangaa akinuna. Mumeo angekufanyia hivyo ungemrushia birika. Gauthier simlaumu, hajui. Wewe unajua, ila shule ya filamu ilikwambia mwenye kamera anyamaze, nawe ukaingia na adabu hiyo kwa mkeo.

Pole lakini. Naelewa unaogopa kuchekwa na watu wa kusini. Waache wacheke, wakimaliza watauliza, na hapo filamu imefanya kazi yake.

Sasa kamera mpe binamu yako. Wewe kaa sakafuni na bibi, kula naye, na umwite mke wangu. Akikugombeza, jitetee: sema polisi walikuwa na haraka, sleji ya kuburutwa barafuni ilijaa, watoto walitetemeka kwa baridi. Utakosea, atakusahihisha, na historia yote itamtoka bila kuulizwa. Kisha mfunike vizuri, mpandishe kwenye sleji barafu ingali imara, mwende kambini mkaitafute hiyo taa. Profesa abaki kwake.

Msipoipata, usiitazame kamera. Mtazame mkeo, umwambie ulikosea kumwahidi kwamba mtarudi. Nilimfahamu Siakuluk wa kwanza, mcheshi kama wewe na mkaidi vilevile. Alikufa bila kulisema hilo, na Arnatsiaq bado anamsubiri.

Shangazi Leetia