Kadibodi Juu ya Ukuta

Chumba cha Nne,
Nyumba za Ua Mmoja,
9 Juni.

Mpendwa mpwa wangu,

Kwanza nijulishe afya yako, ya mkeo na ya mapacha. Natumaini nyote mnaamka salama. Mimi ni mzima, isipokuwa goti la kushoto, ambalo unalijua. Barua yako iliyopita haikuwa na tarehe. Jirekebishe.

Hapa pamenyamaza. Jirani yangu fundi saa, yule uliyemwita Mkono wa Birika ulipoishi nami ukiwa mwanafunzi, amehama. Alianguka bafuni, binti yake akaja kumchukua, na sasa yuko huko huko mjini kwenu.

Unakumbuka kwamba ukuta wetu haufiki kwenye paa. Kwa miaka kumi na tisa alisoma kwa mwanga wa taa yangu uliopenya pale juu, nami nilisikiliza taarifa ya habari kutoka redio yake. Kila mmoja alimwona mwenzake kupe. Mwaka jana nilipoziba uwazi ule kwa kadibodi, alipunguza sauti ya redio ikawa kama mbu. Nikasogeza kitanda ukutani. Naye akahamia barazani, chini ya dirisha langu, na gazeti la wiki iliyopita. Nilipomkemea alijibu, "Mwalimu, mwanga ukishatoka dirishani si wako tena."

Siku ya kuondoka alinikabidhi redio ile bila kunitazama.

"Betri nakwenda nazo," alisema. "Nyingine utanunua mwenyewe."

Nimenunua. Lakini redio ikiwa mezani pangu hainogi; msomaji wa habari hunisemea usoni kama mgeni. Basi nikamwomba mwenye nyumba ufunguo, nikairudisha chumbani kwa fundi, mahali pake pa zamani. Kila jioni huenda kuiwasha, kisha hurudi kwangu kuisikiliza kupitia ukutani. Wapangaji wanacheka. Waache.

Mwisho wa mwezi chumba kile kitapewa mtu mwingine. Binti wa fundi anakaa nyuma ya soko kuu la huko kwenu. Ulizia fundi saa, utaonyeshwa. Nenda Jumapili hii. Usimwambie kwamba nimemkumbuka, atavimba kichwa. Mwambie tu kwamba kadibodi nimeitoa, na kwamba siku hizi taa naiwasha mapema, hata kabla giza halijaingia.

Nisalimie dada yangu, mama yako, na uwabusu mapacha. Mungu awajalie nyumba isiyokosa sauti za watu.

Mjomba wako akupendaye,
Mwalimu