Heshima ya Kupiga Hewa

Jumanne, 14 Machi
Barua kutoka timu yangu ya zamani, hapa hapa Takamatsu. Wanataka nirushe mpira wa kwanza siku ya kufungua msimu wa besiboli. Mimi! Miaka kumi na moja nauza tambi, bega lina mshono, hata donge la unga wa tambi nalikanda kwa kulikanyaga kwa miguu—nao wamenikumbuka. Nimefurahi mpaka nikammwagia mteja mchuzi. Chizuko, mke wangu, kamwomba radhi huku anacheka.

Alhamisi, 23 Machi
Nimejaribu uani. Mpira wangu wa kuzama, ule ulionilisha miaka tisa nikiwa mrushaji, ulizama kabla ya kufika! Mara ya ishirini ukaenda umenyooka, halafu ukaanguka ghafla kama zamani. Nikapiga kelele peke yangu.

Ila kuna jambo. Mpira wa kwanza ni wa sherehe. Mpigaji, mwenye gongo, lazima aukose kwa makusudi. Hata akirusha mtoto wa chekechea, anapiga hewa. Ndiyo heshima. Mimi siitaki. Sikuagwa: bega lilichanika katikati ya mchezo, nikatoka, basi. Nataka kujua kama mpira wangu bado ninao. Mara moja tu.

Jumapili, 26 Machi
Mpigaji atakuwa Hamasaki, yule mchezaji kijana anayekula bakuli tatu kwangu kila Jumapili. Nimemwomba apige kweli.

“Mkubwa, mama yangu atakuwa jukwaani. Nikiupiga, nyumbani sirudi.”

Nimemwongezea yai. Yai kala, ahadi hakutoa.

Jumamosi, 1 Aprili
Nimerusha! Umezama! Kapiga hewa!! Uwanja mzima ulisimama. Chizuko analia, mimi nalia.

Nilimuuliza Hamasaki pale pale: heshima au kweli? Akainama mpaka kofia ikadondoka, akasema kweli. Lakini kuinama kule! Hata aliyekosa kwa heshima angeinama na kusema hivyo hivyo.

Jumapili, 2 Aprili
Hamasaki hakuja kula. Kwa mawazo nimelikanyaga donge kupita kiasi, tambi zikawa ngumu kama kamba. Wateja wote wamezisifu. Heshima tena!

Jumatatu, 3 Aprili
Tumefunga, siku ya mapumziko. Naandika mbio, kalamu imejaa unga. Hamasaki yuko uani na gongo lake. Hakuna mama, hakuna jukwaa. Hakunisalimu hata.

“Nilipanga kupiga hewa. Mpira ulivyokuja nikasahau, nikautaka—nikaukosa. Siku mbili chakula hakipiti. Rusha tena.”

Chizuko kashaondoa vyungu vya maua na kuacha dirisha la jikoni wazi, kioo kisije kikavunjika. Anasema mchuzi wa kesho unachemka. Uchemke! Nimevua aproni. Bega linauma, na liume. Namwona kutoka hapa: anachimba ardhi kwa kiatu, kakunja uso, hajaniinamia hata kidogo. Sijapata kuheshimiwa hivi. Ananiita tena, kwa hasira—